Tumepatana, kesi itafutwa?

SWALI: Jirani alinipiga tukigombea zamu ya maji ya mfereji. Amenilipa fidia mbele ya wazee, lakini kesi bado iko mahakamani. Naweza kuifuta? – Msomaji, Moshi

JIBU: Hongereni kwa kupatana. Ila mshtaki ni Jamhuri, yaani serikali, kwa hiyo huwezi kuifuta kesi mwenyewe. Wewe ni shahidi, kwa hiyo usikwepe wito. Andikeni makubaliano: namba ya kesi, kiasi kilicholipwa, sahihi zenu na za mashahidi. Mpeni mwendesha mashtaka nakala, kisha, siku kesi itakapotajwa mahakamani, mwombeni hakimu akubali suluhu yenu. Kwa shambulio la kawaida, Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, inamruhusu kusuluhisha na kusimamisha shauri. Ubakaji au unyang'anyi haviishi hivyo. Angalizo: mashtaka yakiondolewa kabla ya utetezi, jirani anaweza kushtakiwa upya.