Maswali na Majibu: Horst Wendlandt, meneja wa uzalishaji aliyegeuka mtayarishaji

Baadhi ya wasomaji wameuliza kuhusu Horst Wendlandt (1922–2002), Mjerumani ambaye filamu zake za Winnetou, chifu wa kubuniwa wa Waapache, zilitazamwa na mamilioni ya watu barani Ulaya.

Je, meneja wa uzalishaji na mtayarishaji si mtu mmoja?

Hapana. Mtayarishaji ndiye anayechagua hadithi, anayetafuta fedha na anayebeba hasara filamu isipouzika. Meneja wa uzalishaji hukabidhiwa bajeti na ratiba, naye huhakikisha kwamba waigizaji, mafundi, magari, chakula na vibali vinapatikana kwa siku iliyopangwa na kwa bei iliyokubaliwa. Kwa maoni yangu hakuna shule ya utayarishaji inayoishinda kazi hiyo, kwa kuwa aliyeipitia hujua kila ukurasa wa mswada utagharimu nini kabla kamera haijawashwa.

Alianzia wapi?

Alianza upande wa biashara katika kampuni ya filamu ya Tobis mjini Berlin, na baada ya Vita vya Pili vya Dunia akapanda hadi kusimamia uzalishaji katika kampuni ya CCC ya Artur Brauner. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 alihamia Rialto Film, kampuni ya Mdenmaki Preben Philipsen, iliyokuwa imeanza mwaka 1959 kutengeneza filamu za upelelezi kutokana na riwaya za mwandishi Mwingereza Edgar Wallace. Visa hivyo hutokea Uingereza, lakini sehemu kubwa ya filamu hizo ilipigwa Berlin na Hamburg, kisha zikachomekwa picha chache za London.

Kwa nini filamu za Winnetou zilipigwa Yugoslavia, na si Marekani?

Hapa ndipo ujuzi wake wa umeneja unapoonekana waziwazi. Mwaka 1962 alitayarisha *Der Schatz im Silbersee* (Hazina ya Ziwa la Fedha), filamu yake ya kwanza yenye Winnetou, kutokana na riwaya ya Karl May, mwandishi aliyeisimulia Marekani ya Magharibi bila kuwa amefika huko. Bajeti ilikuwa takriban Deutsche Mark milioni 3.5, kiasi kikubwa mno kwa filamu ya Ujerumani Magharibi ya wakati ule, na kuwasafirisha watu wote hao ng'ambo ya Atlantiki kungeimaliza upesi. Kwa kushirikiana na Jadran Film ya Zagreb, Wendlandt alipata milima, maziwa ya Plitvice, farasi, wapanda farasi na mafundi kwa gharama nafuu zaidi. Akaongeza waigizaji wawili, Mmarekani Lex Barker na Mfaransa Pierre Brice, majina yaliyorahisisha kuiuza filamu nje ya Ujerumani, na kazi ya uongozaji akampa Harald Reinl. Mafanikio yake ndiyo yaliyozaa sehemu tatu za *Winnetou*, kati ya 1963 na 1965. Ninaamini kwamba mtayarishaji asiyejua gharama za uwanjani angeuogopa mradi huo, au angeufanya kwa unyonge na kuuharibu.

Brauner, mwajiri wake wa zamani, alinyamaza?

La. Mwaka 1964 CCC nayo ilitoa filamu yenye wahusika wa Karl May, *Old Shatterhand*, huku Barker na Brice wakiwa wale wale.

Ni kweli kwamba alijali filamu za burudani pekee?

Si haki kusema hivyo. Mwaka 1971 alianzisha kampuni ya usambazaji na kuipa jina la Tobis, lile la mwajiri wake wa ujanani, na Rialto ikashiriki katika *Mein Name ist Nobody* ya 1973, ambamo aliigiza Terence Hill, aliyewahi kuigiza katika *Winnetou* ya pili. Baadaye alishiriki katika *The Serpent's Egg* ya mwongozaji Msweden Ingmar Bergman (1977) na akatayarisha *Lola* ya mwongozaji Mjerumani Rainer Werner Fassbinder (1981), filamu zisizofanana hata kidogo na hadithi za farasi na bunduki. Hakuacha vichekesho pia: *Otto – Der Film* ya 1985 ilijaza kumbi kote Ujerumani Magharibi, na mwaka 1988 akamtayarishia mchekeshaji Loriot *Ödipussi*, filamu iliyozinduliwa siku moja Berlin Magharibi na Berlin Mashariki, wakati ukuta ungali umesimama.