Neno "meet" lisilohusu kukutana

Harusi ilikuwa Moshi, mwezi wa Desemba, kanisa limejaa mpaka watu wamesimama uani. Mhubiri alikuwa mgeni, mzee kutoka Uingereza, rafiki wa siku nyingi wa familia ya bwana harusi. Mimi nilikuwa mkalimani wake, nimesimama kando yake na kipaza sauti cha pili. Alikuja na Biblia yake ya zamani, ile ya Mfalme James ya mwaka 1611. Akafungua Mwanzo 2:18, akasoma taratibu: "I will make him an help meet for him." Nikasikia "help", nikasikia "meet", mdomo ukatangulia akili. Nikasema: "Nitamfanyia msaidizi wa kukutana naye."

Viti vya mbele vikanong'ona. Mtu mzima anayejua Kiswahili anajua "kukutana" na mwanamke kunaweza kubeba maana gani, na hapo tuko mbele ya madhabahu, bibi harusi yuko hatua tatu kutoka nilipo, wazazi wa pande zote mbili wananitazama. Mhubiri hakujua kilichotokea, akaendelea. Nami nikaendelea naye, masikio yakiwa ya moto.

Ibada ilipokwisha, shangazi wa bibi harusi aliniita pembeni, chini ya mti. Nikamwamkia, akaitikia, kisha akafungua Biblia yake iliyovalishwa jalada la kitenge. "Mwanangu," akasema, "hii yangu inasema 'msaidizi wa kufanana naye'. Hilo la kukutana umelitoa wapi?" Hakuniuliza kwa ukali. Alitaka kujua kweli kama Kiingereza kina kitu ambacho Kiswahili kimekiacha. Sikuwa na jibu. Nilimwomba radhi, na nikaenda nyumbani nikiwa na swali lake.

Nikaanza na simu. Programu ya kutafsiri ilinipa "kukutana", kosa lilelile langu. Nikahangaika siku kadhaa mpaka nikafungua kamusi kubwa ya Oxford, ile inayoeleza kila neno limetoka wapi na lilitumikaje karne kwa karne. Ndipo nikaona kwamba "meet" ziko mbili, zinaandikwa sawa, zinatamkwa sawa, wala hazina undugu. Moja ni kitenzi tunachofundishwa shuleni, cha kukutana. Nyingine ni kivumishi cha zamani sana, ambacho leo karibu hakuna Mwingereza anayekitamka nje ya kanisa au ukumbi wa maigizo. Asili yake ni neno la Kiingereza cha kale, "gemæte", na ukoo wake ni ukoo wa kupima. Ndugu yake mmoja bado anaishi magazetini: "mete out", kutoa adhabu au haki kwa kipimo. Yumo pia katika Mathayo 7:2, "with what measure ye mete", ambapo Biblia yetu inasema "kipimo kile mpimiacho". Wajerumani nao wanalo "gemäß", kwa kadiri ya.

Kwa hiyo kitu kikiwa "meet", kimepimwa kikaonekana kinaenea. Fundi cherehani angelielewa neno hili bila kamusi. Akikuvalisha gauni, akatazama mabega, akazunguka nyuma akatazama mgongo, husema "limekukaa".

Nilifurahi kwa siku moja nikidhani nimemaliza: "meet" ni "-a kufaa", basi. Kisha nikakaa mezani na Biblia mbili, ya 1611 upande mmoja na ile ya Muungano ya Kiswahili, ya 1952, upande wa pili, nikatafuta mahali neno hilo linapotokea. Huko ndiko nilikojifunza ninachotaka kukupa leo.

Mathayo 15:26, Yesu na yule mwanamke Mkanaani: "It is not meet to take the children's bread." Kiswahili: "Si vema kukitwaa chakula cha watoto." Mathayo 3:8, Yohana Mbatizaji anataka matunda "meet for repentance", na Kiswahili kinasema matunda "yapasayo toba". Luka 15:32, baba wa mwana mpotevu anamweleza kaka mtu kwamba "it was meet that we should make merry", na Kiswahili kinasema kufanya furaha na shangwe "ilipasa". Paulo, 1 Wakorintho 15:9, "not meet to be called an apostle": "nisiyestahili kuitwa mtume". 2 Timotheo 2:21, chombo kilicho "meet for the master's use": "kimfaacho Bwana". Na ile ya Mwanzo: "wa kufanana naye".

Yaani neno moja la Kiingereza, na Kiswahili kimetoa vema, -pasa, -stahili, -faa na -fanana. Mwanzoni niliona kama watafsiri wetu walikuwa wakibahatisha. Haikuwa hivyo. Mistari ile mitano ya Agano Jipya, katika Kigiriki, ina maneno matano tofauti. Kwenye chakula cha watoto ni "kalon", jambo jema, zuri. Kwenye toba ni "axion", lenye thamani iliyo sawa na kitu kingine. Kwa baba wa mwana mpotevu ni "edei", ilikuwa lazima, ilibidi. Kwa Paulo ni "hikanos", mwenye sifa ya kutosha. Kwa chombo ni "euchreston", chenye matumizi mazuri. Waingereza wa 1611 walivimimina vyote katika kikombe kimoja. Kiswahili kiliviacha karibu vyote kila kimoja mahali pake ("axion" na "edei" tu ndivyo vilivyoshirikiana "-pasa"), na sioni aibu kusema nilijivunia lugha yangu jioni ile.

Ushauri wangu mkubwa kwa mkalimani, basi, ni huu: ukikutana na "meet" ya namna hii usiulize "Kiswahili chake ni nini?" Uliza ni kipimo gani kinachotumika. Kama ni adabu na uzuri wa jambo, "vema" inatosha. Kama ni wajibu, tumia "imepasa". Kama ni sifa za mtu, "anastahili". Kama ni kazi ya kifaa, "kinafaa". Tazama kisa cha mwana mpotevu. Ukisema "ilifaa tufurahi", umemfanya yule baba aonekane kama mtu anayeomba ruhusa ya sherehe. Alichosema ni kwamba mtoto aliyekufa amefufuka, na kutofurahi kusingewezekana. "Ilipasa" inabeba uzito huo.

Mstari wa Mwanzo nitaukalia zaidi, kwa sababu unasomwa harusini kila Jumamosi na mara nyingi unasomwa vibaya hata na wasiokosea kama nilivyokosea mimi. Kiebrania chake ni "ezer kenegdo". "Ezer" ni msaada, na si wa kitumishi: ndilo neno linalotumika katika Zaburi 121, "Msaada wangu u katika BWANA". "Kenegdo" limejengwa juu ya neno la kuwa mbele ya mtu, mkabala naye. Ni wawili waliosimama uso kwa uso, kimo kwa kimo. Waingereza walipoweka "meet for him" (Biblia ya Geneva ya 1560 ilikuwa nayo tayari kabla ya ile ya Mfalme James), walikuwa wanasema msaada uliopimwa ukalingana naye. "Wa kufanana naye" imeukamata ulinganifu huo vizuri sana. Zipo tafsiri za baadaye zinazosema "wa kumfaa". Si kosa, lakini mimi nabaki na ile ya shangazi, maana kinachonifaa kinaweza kuwa hata jembe, ila anayefanana nami ni mtu kama mimi.

Na angalia yaliyolipata neno "meet" kwa Waingereza wenyewe. Watu waliacha kukijua kivumishi, wakaanza kusoma "help meet" kama jina moja: "helpmeet", maana yake mke. Baadaye ikaja "helpmate", kana kwamba ile "meet" ilikuwa "mate", mwenzi, iliyokosewa tahajia. Kipimo kikapotea kimyakimya, na kilichobaki kichwani mwa wengi ni msaidizi tu, bila ule usawa. Nimesikia mahubiri mengi ya harusi yanayosimama juu ya nusu hiyo moja. Kama wewe ndiye mkalimani, ile nusu nyingine iko mikononi mwako.

Nje ya Biblia utalikuta mahali pawili hasa. Pa kwanza ni ibada. Katika Kitabu cha Sala cha Waanglikana cha 1662, kasisi husema tumshukuru Bwana Mungu wetu, na watu huitikia "It is meet and right so to do." Kilatini chake cha kale ni "dignum et iustum est", na Mkatoliki wa Kiswahili anakijua kwa moyo tangu utotoni: "Ni vema na haki." Ukilisikia Kiingereza hicho mahali popote, kiitikio hicho unacho tayari mdomoni.

Pa pili ni Shakespeare. Cassius, katika Julius Caesar, anasema "it is meet that noble minds keep ever with their likes", yaani imewapasa wenye moyo bora kukaa na wenzao wa namna yao. Tamthilia hiyo Mwalimu Nyerere aliitafsiri, ikatoka 1963, na tena 1969 kwa jina la Juliasi Kaizari. Mwalimu wa fasihi anayetaka kuwaonyesha wanafunzi kazi ya kutafsiri maneno ya kale asiende mbali. Awape ukurasa mmoja wa Kiingereza na ukurasa wake wa Kiswahili, wakae nao kipindi kizima.

Utalitambuaje? Kwa jirani zake. Kitenzi cha kukutana kinataka mtendaji: fulani anakutana na fulani. Hiki kivumishi hukaa baada ya "is" au "was", au baada ya jina kama "help" ile ya Mwanzo, na nyuma yake huja "that", "to" au "for". Ukiona "it is meet that", hapo hakuna anayekutana na mtu. Kuna pia "unmeet", isiyofaa, na "meetness". Kwa sikio peke yake ni vigumu zaidi, maana "meat" nayo hutamkwa vilevile, na mwaka 1611 "meat" ilikuwa chakula chochote, si nyama tu. Mathayo sura ya 3 ina zote mbili: mstari wa 4 chakula cha Yohana kinaitwa "meat", nacho ni nzige na asali ya mwitu, na mstari wa 8 inakuja "meet" ya toba. Ukiwa na maandishi mbele yako huwezi kuzichanganya.

Katika Kiingereza chako mwenyewe, liache. Kijana mmoja aliniletea barua ya kuomba kazi nimpitie, ameandika "I am meet for this post", amelipata kwenye Biblia ya babu yake. Lilikuwa sahihi kwa sarufi ya 1611, ila mwajiri wa leo angeona neno limekosewa. Tuliweka "suitable", barua ikaenda.

Kwa ukalimani, kinachonisaidia tangu siku ile ya Moshi ni kuomba mistari mapema. Nampigia mhubiri jioni ya kuamkia ibada, namuuliza atasoma wapi na kutoka Biblia ipi. Akisema ya Mfalme James, nakaa na kalamu na kutafuta maneno yaliyogeuka maana: "suffer" iliyo "waacheni" katika "waacheni watoto wadogo", "prevent" iliyo "kutangulia" katika 1 Wathesalonike 4:15, "quick" iliyo "hai". Sizitafsiri upya mistari kwa akili yangu. Naisoma kama ilivyo katika Biblia ya Kiswahili ambayo waumini wameishika mkononi, ili mama aliyefungua ukurasa uleule asikie kile anachokiona.