Kutunga muziki wa filamu bila kusomea

Mkuu, umeuliza kama mtu asiyesomea muziki anaweza kuishi kwa kutunga muziki wa filamu huru, yaani zinazotengenezwa bila studio kubwa. Anaweza, ila mara nyingi anayekufungulia mlango ni mwongozaji ambaye naye hana hela.

Mtazame Clint Mansell. Alikuwa mwimbaji na mpiga gitaa wa Pop Will Eat Itself, bendi ya Uingereza iliyovunjika 1996. New York akakutana na mwongozaji Darren Aronofsky, aliyekuwa anatengeneza filamu yake Pi (1998) kwa takriban dola 60,000, nyingine zikiwa michango ya dola mia mia ya ndugu na marafiki. Mpango ulikuwa Mansell atunge muziki wa mwanzo tu, kwingine watumie nyimbo zilizokwisha kurekodiwa. Gharama za haki za kutumia nyimbo hizo zikawashinda, basi kila pengo likamwangukia yeye (bahati ya ajabu hiyo!). Mwaka 2000 ikaja filamu nyingine ya Aronofsky, Requiem for a Dream, Mansell akiwa na Kronos Quartet, kundi la wapigaji wanne wa ala za nyuzi.

Wewe tafuta mwanafunzi wa filamu mwenye njaa kama yako. Na mkataba useme nani anamiliki muziki: malipo ya filamu ndogo ni kiduchu, mirabaha (malipo ya kila muziki wako unapotumika) ndiyo inayoendelea kuingia.