Malimwengu yanayowezekana: jibu kwa mleta mada, na kwa aliyesema kilichotokea kilikuwa lazima kitokee

Ndugu mleta mada, umeuliza mambo mawili: kwanza, kama "malimwengu yanayowezekana" wanayoyataja wanafalsafa ndiyo yale malimwengu sambamba ya wanafizikia, pili, kama malimwengu hayo yapo kweli au ni namna tu ya kusema. Katikati ya uzi mchangiaji mmoja akaongeza kwamba mjadala wote huu ni bure, kwa kuwa kilichotokea kilikuwa lazima kitokee, na mwenye kusema "ingekuwa" anajifariji tu. Nitayagusa yote matatu, ingawa si kwa urefu ulio sawa. Nilisoma falsafa chuo kikuu, kisha riziki ikanipeleka kwenye ukadiriaji wa hasara za bima, kazi ambayo sehemu yake kubwa ni kuamua iwapo sentensi zenye "ingekuwa" ni za kweli au za uongo.

Swali la fizikia lisituchukulie muda. Mwanafizikia Hugh Everett alitoa mwaka 1957 tafsiri ya fizikia ya kwanta, yaani fizikia ya chembe ndogo kabisa, ambayo baadaye ilielezwa kuwa ya malimwengu mengi, lakini matawi hayo, kama yapo, yote yanafuata kanuni zilezile za maumbile na yote ni sehemu ya hali halisi moja. Mwanafalsafa anataka uwanja mpana zaidi, kwa sababu anauliza pia iwapo kanuni zenyewe zingeweza kuwa nyingine.

Wazo lenyewe ni la zamani. Mwanafalsafa Mjerumani Leibniz, katika kitabu chake cha mwaka 1710 kuhusu uadilifu wa Mungu, alidai kwamba Muumba aliyatazama malimwengu yote yaliyowezekana akauchagua ulio bora. Karne ya 20 ilipofika, mwanafalsafa C. I. Lewis alitunga mifumo ya mantiki yenye alama za ulazima na uwezekano, ila mifumo ilikuwa mingi na maana ya alama zake ikagombaniwa. Mwaka 1959 Saul Kripke, kijana ambaye hajatimiza hata miaka 20, alichapisha makala ambayo, pamoja na nyingine zilizofuata miaka michache baadaye, ilituliza sehemu kubwa ya ugomvi huo: jambo ni la lazima ikiwa ni kweli katika kila ulimwengu unaofikika kutoka huu, yaani unaohesabiwa kuwa unawezekana ukiutazama kutoka huu, na linawezekana ikiwa ni kweli angalau katika mmoja. Tofauti za mifumo zikageuka kuwa tofauti za masharti ya kufikika.

Sasa niingie kazini kwangu. Tuchukue shauri la aina ninayokutana nayo: lori lenye tela limepinduka usiku kwenye mteremko, limebeba saruji kupita uzito ulioruhusiwa, na tairi la mbele limepasuka. Kampuni ya bima inasema, "Kama mzigo usingezidi, lori lisingepinduka," na kwa hiyo haitaki kulipa. Mwenye lori anajibu, "Hata kama mzigo usingezidi, lingepinduka tu, maana tairi lilipasuka." Wote wawili wanazungumzia hali ambayo haikutokea na wala haitatokea. Mtu wa haraka atasema hapo hakuna ukweli wowote wa kutafuta, ni maneno ya wakili dhidi ya wakili.

Mwanafalsafa Robert Stalnaker mwaka 1968, na mwenzake David Lewis (si yule C. I. Lewis) katika kitabu chake cha mwaka 1973, walieleza kinachofanyika hapo. Ili kupima sentensi ya "kama ingekuwa", tunachukua ulimwengu ambamo sharti limetimia na ambao kwa mengine yote unafanana na huu wetu kadiri inavyowezekana, kisha tunatazama matokeo. Ndiyo sababu sentensi hizi hazivumilii kuongezwa masharti holela. Inaweza kuwa kweli kwamba dereva angepunguza mwendo asingepinduka, na bado ikawa uongo kwamba angepunguza mwendo na mafuta yakawa yamemwagika barabarani asingepinduka, kwa kuwa sharti la pili linatupeleka kwenye ulimwengu ulio mbali zaidi.

Kwa lori letu, ugumu wote umo katika kuamua tairi liachwe lipasuke au la. Tukipunguza mzigo huku kila kitu kingine tukikiacha kilivyo, je, kupasuka kwa tairi ni miongoni mwa vile vinavyobaki? Jibu halipatikani kwa kufumba macho na kuwaza, linapatikana kwa kulilaza tairi chini na kulikagua kwa tochi. Likiwa limekatwa na jiwe au chuma, waya za ndani zimekatika mahali pamoja na mpira wa pembeni ni mzima. Hapo kupasuka hakukutegemea mzigo, tunakuacha, na mwenye lori ana hoja. Zikiwa tabaka za mpira zimeachana na kingo zake zimeungua kwa joto, basi uzito huenda ndio uliolichosha tairi, na tukiuondoa uzito tunauondoa na mpasuko wenyewe. Sentensi inahusu ulimwengu usiokuwepo, lakini kinachoifanya kuwa kweli au uongo ni ushahidi uliolala kwenye karakana, katika ulimwengu huu.

Kripke alikuwa na neno juu ya hili katika mihadhara aliyoitoa Princeton mwaka 1970: ulimwengu unaowezekana si nchi ya mbali tunayoichungulia kwa darubini, bali ni hali tunayoiweka sisi wenyewe kwa kuitamka. Naliunga mkono, kwa nyongeza moja. Tunaiweka sisi, naam, ila tukishaiweka hatuna tena hiari ya kuamua nini kitafuata ndani yake.

Nimgeukie ndugu wa "kilikuwa lazima kitokee". Hoja yake, kama nimeielewa, ni kwamba Mungu alijua tangu azali kuwa lori litapinduka. Jambo ambalo Mungu hawezi kukosea kulijua haliwezi kuwa vingine. Basi kupinduka kulikuwa lazima. Hapa ulazima umehamishwa mahali pake kimyakimya. Ni lazima kwamba, ikiwa Mungu anajua lori litapinduka, litapinduka. Ulazima huo umeifunika sentensi nzima. Hakutokani na hapo kwamba, ikiwa Mungu anajua, basi kupinduka kwenyewe ni jambo la lazima. Sentensi ya kwanza inasema hakuna ulimwengu ambamo elimu ya Mungu na tukio vinapingana. Ya pili inasema hakuna ulimwengu ambamo lori linafika salama, na hilo ni dai jingine kabisa, kwani upo ulimwengu ambamo linafika salama na Mungu anajua kwamba linafika salama. Boethius, mwanafalsafa wa Roma, alikwishaitenga tofauti ya namna hii katika karne ya 6.

Wale tuliosomea madrasa za pwani hatupaswi kushangaa. Kabla ya kujua jina la mwanafalsafa yeyote wa Ulaya tulifundishwa kwamba hukumu za akili ni tatu, yaani wajibu (lisiloweza kutokuwepo), muhali (lisiloweza kuwepo) na jaizi (linaloweza kuwepo au kutokuwepo), mpango unaopatikana katika matini za mwanatheolojia Sanusi wa Tlemcen, Algeria, aliyefariki mwaka 1490. Na kabla yake Ibn Sina, aliyefariki mwaka 1037, alisema kitu kinaweza kuwa jaizi kwa dhati yake, yaani kikitazamwa chenyewe, na wakati huohuo kikawa wajibu kwa sababu ya kingine, pale chanzo chake kinapotimia. Kupinduka kwa lori ni mfano wake hasa: ukishaweka mteremko, mwendo, mzigo na tairi, hakuepukiki, ila kwa dhati yake kungeweza kutokuwepo. Anayesema tukio lilikuwa lazima, na atuambie kwanza ni kwa maana ipi.

Isidhaniwe kwamba yaliyo ya lazima yote yanajulikana kwa kuwaza tu. Nyota ya alfajiri na nyota ya magharibi ni moja, Zuhura, na watu walihitaji kuitazama mbingu kulijua hilo. Kripke anaonyesha kwamba, madhali ni kitu kimoja, hakuna ulimwengu ambamo kitu hicho si chenyewe. Mwanafalsafa Quine, ambaye hakuipenda mantiki hii, aliipinga kwa mfano wa idadi ya sayari: 9 ni lazima kuzidi 7, idadi ya sayari wakati huo ilihesabiwa kuwa 9, lakini si lazima sayari zizidi 7, kana kwamba ulazima unategemea jina tunalokiitia kitu. Tangu Pluto iondolewe mwaka 2006 zimebaki 8, na mfano umeponea chupuchupu.

Limebaki swali la kuwepo kwenyewe. David Lewis, katika kitabu chake cha mwaka 1986, alishikilia kwamba malimwengu yote yapo kama huu wetu ulivyo, yenye mawe na watu, ila hayaunganiki nasi kwa mahali wala kwa wakati. Alijua kwamba wengi wangemjibu kwa kumkodolea macho tu, na macho si hoja. Kikwazo changu ni kingine. Kwa Lewis, mimi sipo katika ulimwengu mwingine wowote. Huko yupo mwenzangu anayefanana nami. Mjane anaponiuliza kama mumewe angepona lau angefunga mkanda, kwa nadharia hii jibu langu la "ndiyo" linasimama juu ya mtu mwingine aliyefunga mkanda kwingine. Kripke aliwahi kuleta pingamizi la aina hiyo kuhusu Humphrey, aliyeshindwa na Nixon katika uchaguzi wa urais wa Marekani mwaka 1968. Lewis alijibu kwamba bado ni Humphrey mwenyewe ambaye tunasema angeshinda, na mwenzake ni kile tu kinachoifanya kauli hiyo iwe kweli. Ni jibu zuri kuliko wapinzani wake wanavyokubali, lakini halinitoshi, kwa sababu ninapomjibu mjane ushahidi wangu wote ni mkanda uliokutwa mzima na kiti ambacho hakikubonyea. Malimwengu ya Lewis, yawepo au yasiwepo, hayaongezi chochote kwenye ripoti ile. Ndiyo maana natumia hesabu yake kila wiki, na mali iliyomo ndani ya hesabu hiyo naiacha bila kuinunua.