Kabla ya Kusafisha Ukanda Wako wa Kwanza wa Milimita 16

Wengi wanaotaka kutengeneza filamu za majaribio kwa ukanda halisi huanza kwa kuulizia kamera. Mimi pia nilianza hivyo, na baadaye nikatambua kwamba nilipaswa kuanza na mikono, kwa sababu sehemu ngumu kuliko zote, yaani kuuviringisha ukanda ndani ya tangi la kusafishia, ambamo hutiwa dawa ili picha zitokee, hufanyika katika giza totoro.

Kuhusu kupiga picha nitasema machache. Ukanda wa futi 100 una fremu, yaani picha moja moja, 4,000, na kwa kasi ya fremu 24 kwa sekunde humalizika kabla ya dakika tatu kutimia. Kamera yangu ni Bolex ya kukaza springi, ambayo ikikazwa hadi mwisho haifikishi nusu dakika. Basi nimezoea kukitazama kitu kwa muda mrefu kabla ya kubonyeza.

Ukanda wa kwanza niliousafisha mwenyewe niliuviringisha kwa pupa kwenye kigurudumu cha tangi, mizunguko kadhaa ikaruka mifereji yake na kugusana. Nilipoutoa, nilikuta mabaka mazito yenye rangi ya maziwa kila mahali ambapo dawa haikupenya, na niliumia sana, kwa kuwa humo mlikuwa na kazi ya mwezi mzima.

Kwa hiyo nakusihi utafute ukanda ulioharibika, ufanye mazoezi ya kuuviringisha kwanza mchana ukiutazama, kisha ukiwa umefumba macho, na mwishowe gizani, mpaka vidole vitambue vyenyewe pale ukanda unapotoka kwenye mfereji. Ukipoteza mwelekeo, gusa ncha ya ukanda kwa mdomo wenye unyevu kidogo: upande unaonata ndio wenye utando wa picha. Ncha hiyo utaikata baadaye. Joto la dawa, ambalo kwa filamu nyingi za rangi nyeusi na nyeupe ni nyuzi 20 za Selsiasi, lipime kila mara na uliandike daftarini pamoja na dakika ulizotumia, maana kumbukumbu ya gizani haiaminiki.

Ukiharibikiwa, usitupe. Mwaka 1935 mtengenezaji wa filamu za majaribio Len Lye alionyesha filamu aliyoipaka rangi moja kwa moja juu ya ukanda, na mwaka 1963 mwenzake wa fani hiyo Stan Brakhage alibandika mabawa ya nondo kwenye utepe wa gundi unaopitisha mwanga. Wote wawili hawakuhitaji kamera. Ukanda wangu niliurudisha katika dawa ya kuimarisha picha, yale mabaka yakayeyuka na kuacha madirisha angavu, nami nikayachora kwa kalamu ya wino usiofutika, fremu moja baada ya nyingine, kwa majuma mawili. Wino huo uache ukauke usiku kucha kabla ya kuupitisha ukanda kwenye projekta, la sivyo utaganda langoni, pale mwanga wa projekta unapopita, na kukwaruza fremu zote zinazofuata.