Kaunta buku kumi na moja, kanda hata moja

Wiki mbili zilizopita kijana mmoja alinipigia simu. "Shikamoo mzee. Nimeambiwa wewe ndiye uliyekuwa unaandika na kuongoza ule mchezo wa televisheni wa Jumapili jioni, tulipokuwa wadogo." Nikaitikia marahaba, nikakiri kosa. Alitaka nimpe vipande vya zamani avipandishe YouTube. Nikamwambia sina hata dakika moja. Nilichonacho ni kaunta buku kumi na moja zinazonuka mende, ziko chini ya kitanda.

Akanyamaza kidogo, kisha akauliza: "Sasa mzee, mtu akitaka kuandika na kuongoza mwenyewe, aanzie wapi?" Jibu la simu lilikuwa fupi. Hili ndilo refu.

Zanzibar walikuwa na televisheni ya rangi tangu miaka ya 1970. Sisi wa Bara tulisubiri hadi 1994, vituo vya binafsi vilipoanza kurusha matangazo. Televisheni ya taifa ikaja 2000. Kwa hiyo nilipoingia mimi, 1998, hapakuwa na wa kumuuliza. Waliojua kuandika mchezo wa mfululizo walikuwa watu wa redio, kama wale wa "Twende na Wakati" pale Redio Tanzania Dar es Salaam (RTD). Waliojua kuigiza walikuwa watu wa jukwaani, wa vikundi vya ngoma, taarabu na vichekesho vilivyokuwa vikizunguka kwenye mabaa na kumbi. Mimi nilitoka jukwaani. Nikawa mtunzi na mwongozaji kwa sababu moja tu: kaka aliyekuwa akituongoza alipata kazi bandarini, na hadithi zilikuwa kichwani mwangu.

Tulizoea kuigiza bila maandishi. Mnakaa kwenye jamvi, mnagawana kisa: wewe baba mlevi, wewe mwenye nyumba, wewe mgoni, mengine tutayakuta huko huko. Jukwaani mtindo huo ni mtamu, maana watazamaji wanakujibu na unajua wapi pa kukaza na wapi pa kuachia. Siku ya kwanza ya kupiga picha, sebuleni kwa mama mmoja wa Magomeni, mchekeshaji wetu mkubwa alitupa neno lake, akasimama akisubiri kicheko. Hakuna aliyecheka isipokuwa mpiga picha, na kamera ikatikisika. Akarudia, safari hii kwa sauti ya kuamsha mtaa. Tulipokuja kuangalia, kile kimya chake kilionekana kama mtu aliyesahau maneno.

Hapo ndipo niliponunua kaunta buku ya kwanza. Nikaandika kila neno, hadi "eeh" na "mh". Wakubwa wa kikundi wakaninunia: "Dogo, unatufunga midomo." Walikuwa na haki. Sini tatu za kwanza, yaani vipande vya mchezo, zilikuwa kama wanafunzi wanasoma risala. Mwishowe tukaelewana hivi: ninaandika neno la kufungulia sini, neno la kufungia, na yale ambayo yakikosekana kisa kinapotea. Katikati ni kwao. Nimefanya kazi hivyo miaka yote, na ukinibana nitasema ndio ujuzi pekee nilionao.

Kisha kuna kuhariri. Ninyi wa simu hamtaamini. Tulikuwa tunanakili kutoka mashine moja ya kanda kwenda nyingine, sini baada ya sini, kwa mfuatano. Ukigundua katikati kuna sekunde kumi za kutoa, unarudia yote yanayofuata, au unanakili nakala ya nakala, na kila nakala picha inazidi kufifia hadi nyuso zinakuwa kama zimepakwa majivu. Chumba tulilipia kwa saa, na mgao wa umeme haukujua kwamba tumelipa. Nikajifunza kuhariri kabla ya kupiga picha: jioni nasoma mchezo mzima kwa sauti, saa ya mkononi iko mezani, nafuta mpaka muda utoshe. Kijana, fanya hivyo hata kama una programu ya bure kwenye simu. Dakika unayoifuta kwenye karatasi haikudai nauli wala chakula cha watu.

Na andika kwa ulichonacho. Mimi nilikuwa na sebule moja, mlango mmoja na uwanja wenye mwembe. Sikuwahi kuandika mvua. Jirani alikuwa na mbwa asiyenyamaza; tukahangaika naye asubuhi nzima, mchana nikakaa chini nikaandika upya sini ile, mwizi akawa anamwogopa mbwa. Mtunzi ambaye hayupo pale angeletewa malalamiko kesho yake. Hii ndiyo faida ya kushika kazi zote mbili. Hasara yake ni kwamba hakuna wa kukuambia maneno yako yamezidi. Mimi niliokolewa na dada aliyekuwa akitunza mavazi. Akianza kukunja kanga katikati ya sini, najua imechosha.

Kanda sasa. Kituo tulichokuwa tunapeleka kazi kilikuwa na kanda chache, kama vituo vingi. Kipindi kikisharushwa, wiki chache baadaye wanarekodi juu yake: habari, mpira, harusi ya mkubwa fulani. Mwaka wa pili nilikwenda kuomba nakala, nikaonyeshwa rafu. Jina la mchezo wetu lilikuwa bado kwenye karatasi ya ubavuni, ndani mlikuwa na semina ya mbolea.

Tusijione wa bahati mbaya peke yetu. BBC mwaka 1953 ilirusha The Quatermass Experiment, mchezo alioutunga Nigel Kneale na kuongozwa na Rudolph Cartier, vipindi sita vikiigizwa moja kwa moja hewani, kwa kamera za tangu kabla ya Vita Kuu ya Pili. Picha zilizobaki ni za vipindi viwili vya mwanzo. Lakini maandishi ya vyote sita yalichapwa kitabu mwaka 1959, na leo ukitaka kujua kisa kiliishaje, unasoma. Nilipojua hilo nilizipenda zaidi kaunta buku zangu.

Kwa hiyo andika tarehe na jina lako kwenye kila sini. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ipo tangu 1999 na COSOTA, ofisi ya hakimiliki, wapo. Mimi nilikwenda kwao nimechelewa, nimeshagawa hadithi nne kwa kupeana mikono na posho ya nauli. Ukipewa posho bila kuandikishana, siku mchezo ukipata mdhamini kila mtu atakumbuka mazungumzo kwa namna yake. Usione haya kutoa karatasi mbele ya rafiki.

Yule kijana alikuja nyumbani Jumamosi, na soda mbili na uso wa heshima. Alitaka kuondoka na madaftari akayaigize upya. Nikamwambia picha apige, madaftari yanabaki, na kwanza tuandikishane. "Mzee, na mimi?" Na wewe. Akacheka, akasaini, kisha akafungua kaunta buku ya kwanza, akaniuliza mbona pembeni pameandikwa MBWA kwa wino mwekundu.