Ukuta wa shemeji na zuio la Februari

SWALI: Shikamoo mzee. Mimi ni mjane wa Tabata. Shemeji yangu alianza kujenga kwenye kiwanja alichotuachia marehemu mume wangu. Nikafungua kesi Mahakama Kuu, Divisheni ya Ardhi, na tarehe 12 Februari jaji akatoa zuio la muda asijenge. Alitulia. Julai mafundi wakaanza kuja usiku, na Septemba wamemwaga zege la linta mchana kweupe. Polisi wanasema hilo ni la madai. Nataka afungwe kwa kudharau mahakama. Nianzie wapi?

JIBU: Marahaba mwanangu, na pole. Kabla ya kustaafu nilikaa miaka 26 masijala za mahakama hapa jijini, na maombi kama yako nimeyagonga muhuri mengi. Yaliyokwama hayakukwama kwa sababu ukuta haukujengwa. Yalikwama kwenye tarehe.

Chukua kalenda. Zuio la muda chini ya Amri ya 37 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, haliishi zaidi ya miezi 6. Lako lilifika ukomo Agosti. Mahakama inaweza kuliongeza, ila jumla isizidi mwaka mmoja, tena uombe wewe na uonyeshe kwamba hukuilalia kesi yako. Kama wakili wako hakuomba, basi zege la Septemba, linaloonekana hadi barabarani, halikuvunja amri yoyote. Najua linauma. Silaha yako ni zile kazi za usiku za Julai.

Hizo ndizo uzikusanyie ushahidi. Kwanza, amri ilimfikia shemeji lini? Kama alikuwepo mahakamani ikisomwa, au alisaini alipopelekewa nakala, tafuta kumbukumbu hiyo kwenye jalada. Anayedaiwa kukaidi huanza na neno moja: "Sikujua." Pili, isome amri yenyewe, usitegemee ulichoambiwa ukumbini. Ikiwa imeandikwa "asijenge", vizuri. Ikiwa inasema tu "hali ibaki kama ilivyo", wakili wake atabishana nawe siku nzima kuhusu hali ipi.

Halafu wakili wako alete maombi ndani ya kesi ileile, pamoja na kiapo. Humo uape uliyoyaona kwa macho yako: tarehe, saa, matofali yamefika wapi. Uliyosimuliwa na jirani, jirani aape mwenyewe. (Nimeona kiapo cha kurasa kumi na moja, kumi zikiwa "niliambiwa".) Picha za simu zenye tarehe zitasaidia.

Jaji akiridhika anaweza kuamuru mali yake ikamatwe, na pia awekwe gerezani kama mfungwa wa madai, muda usiozidi miezi 6. Usiichanganye na ile miezi 6 ya zuio. Lakini nikwambie ukweli: jaji hapendi kumfunga mtu kwa ukuta. Mara nyingi mkaidi huomba radhi na ujenzi unasimama, na kwako kusimama huko ndiko kwenye faida kuliko shemeji kulala ndani.

Kesho asubuhi nenda kwa wakili, muulize kama zuio liliongezwa. Ukitoka hapo mtafute fundi wa zile usiku za Julai, kabla hajahamia saiti nyingine.